Kwa Hiari Yake

Geneva,
14 Julai 2025

Dada Celina,

Salamu nyingi kutoka huku ambako parachichi huuzwa moja moja, na watu wanaliminyaminya kwanza kama wanachagua mchumba. Nikikumbuka yale yanayooza chini ya mti kwenu Kanja, nasikia uchungu.

Najua ungependa nipige simu, lakini mambo makubwa Baba alituzoeza kuyaandika, na hili ni kubwa. Nimeandika kwa mkono, nikapiga picha, nikaituma kwa barua pepe. Muchangi wa saiba pale Embu mjini atakuchapishia, na majibu yako atayapiga picha anitumie. Tangu Jumatatu iliyopita mimi ndiye mkuu wa dawati la haki za binadamu hapa ofisini. Novemba nchi yetu itajibu maswali mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa, na Balozi ameniambia kwamba mimi ndiye nitakayeketi kando yake na kusoma majibu. Mtoto wa Mwalimu Kailemia wa Githongo! Yule aliyekuwa akirudishiwa barua zake za bweni zikiwa nyekundu tupu kwa masahihisho.

Shemeji Mutugi aliniuliza Krismasi kazi yenyewe ni nini, nikamweleza mpaka akasinzia. Mweleze hivi. Mtu akilalamika kwamba serikali imemtendea ubaya fulani, barua huja kwetu. Sisi huuliza nyumbani, nyumbani hutujibu, nasi huliandika jibu kwa lugha ya heshima. Tuna kabrasha la sentensi zilizo tayari, nyingine zina umri kama wangu. Wiki nzima nimekuwa nikizipiga msasa. Iko inayosema: "Mhusika aliondoka nyumbani kwa hiari yake kufuatia tofauti za kifamilia." Hiyo nimeiacha ilivyo. Ni fupi, na sidhani hata kalamu ya Baba ingepata kosa ndani yake. Msomee umuulize.

Wewe unajua kwa nini niliichagua kazi hii. Mwaka 1987 Baba alipochukuliwa nilikuwa na miaka minne. Ninachokumbuka ni migomba ya shangazi kule Mitunguu, na wewe kunishika mkono. Alirudi baada ya siku ishirini na moja, mguu mmoja umekuwa mzito, na mpaka leo hajatwambia neno. Tuliambiwa tu kwamba familia ilinyamaza, na Mungu akamrudisha. Nilitaka kuwa ndani ya chumba ambamo mambo kama hayo huzuiwa, na sasa nimeingia.

Nisalimie shemeji yangu na mpwa wangu Ruguru.

Ndugu yako,
Mwenda


Kanja,
11 Agosti 2025

Mdogo wangu Mwenda,

Hongera sana. Nililia kidogo pale kwa Muchangi, akanipa kiti. Mutugi amebandika picha yako ukutani katika chumba cha walimu, chini ya jedwali la elementi, eti wewe ni madini adimu. Wanafunzi wake wa kemia sasa wanakuita "Balozi" na sikuwasahihisha.

Jumamosi nilipanda mpaka Githongo kumsomea Baba. Amepata makosa mawili katika aya ya kwanza. Nilipofika kwa ile sentensi yako ya kabrasha, akaniomba niirudie. Kisha akachukua makasi, akaenda kupogoa kahawa, ingawa tuliipogoa mwezi jana tu. Ni uzee. Hakutoka huko mpaka chai ikapoa.

Sasa nikupe ya huku, na usicheke. Jana kanisani kulikuwa na harambee ya paa. Mheshimiwa alikuja na magari saba. Mutugi, kama mzee wa kanisa, akapewa kipaza sauti atoe shukrani. Badala ya shukrani akatoa karatasi mfukoni, akasoma majina mawili, Bundi na Njura, wale wanafunzi wake wa zamani waliopigwa risasi kwenye maandamano. Akasema, "Mheshimiwa, kwa paa tunasema asante. Lakini hawa wawili walikuwa wanakaa benchi ya tatu katika darasa langu. Tuambie nani aliwapiga, ndio tujue tunaomba chini ya paa la nani."

Nikasikia mabati ya zamani yakilia juu yetu. Halafu mama mmoja wa nyuma akasema, "Amina." Halafu kanisa zima likasema Amina. Mheshimiwa alitabasamu, Mwenda. Hilo tabasamu ndilo sikulipenda.

Nyumbani nilimkemea mpaka sauti ikakauka. Yeye ananiambia, "Ndugu yako anafanya hiyo kazi huko ng'ambo, mimi nafanya hapa, shida iko wapi?" Kwa hiyo na wewe una lawama yako.

Dada yako,
Celina


Kanja,
27 Agosti 2025

Mwenda,

Wamemchukua Mutugi.

Ilikuwa jana saa moja kasoro, asubuhi, mlangoni pa shule. Alikuwa amebeba mitihani ya majaribio ya kidato cha nne aliyosahihisha wakati wa likizo. Gari jeupe lilikuwa limesimama pale, halina namba. Walishuka wanaume wanne, mmoja amevaa barakoa. Bawabu anasema hawakumpiga. Walimshika mikono tu, mmoja akamsukuma kichwa chini aingie. Karatasi zilimwagika barabarani. Wanafunzi waliziokota zote, wakaniletea zikiwa na matope. Zimekaa hapa mezani ninapoandika.

Nimeenda vituo vitatu vya polisi. Kwenye cha kwanza waliniambia hawana mtu kama huyo. Kwenye cha pili waliniambia hivyo hivyo. Kwenye cha tatu afisa mmoja, kijana ninayeweza kumzaa, aliniambia bila kuinua macho, "Mama, enda nyumbani. Mzee labda ako na mpango wa kando, mwanamke mwingine. Atarudi tu akimaliza." Nikamuuliza kama mpango wa kando huja na gari lisilo na namba na wanaume wanne. Akafunga kitabu.

Usipige simu. Simu ya Mutugi iko nao, na ndani yake kuna kila kitu tulichowahi kuambiana. Andika tu, kwa Muchangi.

Hii ndiyo kazi yako. Sijawahi kukuomba kitu tangu uende huko, wala sikuomba viatu wala saa. Sasa naomba. Mtafute mume wangu.

Celina


Geneva,
28 Agosti 2025

Dada mpendwa,

Kichwa changu kiko sawa, na nakuomba nawe ukitulize chako. Ninajua watu. Ninajua mlango wa kubisha na namna ya kuubisha.

Nifanyie jambo moja. Niandikie kila kitu, na nikisema kila kitu namaanisha hata yale ya aibu. Aliwahi kulala nje? Mlikuwa mmegombana? Ana adui shambani? Mtu wa kule nyumbani ataniuliza maswali hayo, na nikionekana sijui, hataniamini. Mimi nikiwa na habari kamili nitamjibu kabla hajamaliza kuuliza. Ndivyo tunavyofanya kazi.

Halafu usiende kwa magazeti. Usiende kortini bado. Kumbuka wakati wa Baba. Tulinyamaza, akarudi.

Mwenda


Kanja,
30 Agosti 2025

Mwenda,

Umesema kila kitu, basi hiki hapa. Haya nakwambia wewe, si mtu mwingine.

Ndiyo, tulikuwa tumegombana. Baada ya ile Jumapili ya harambee sikunyamaza. Nilimwambia anataka kuniacha mjane ili apigiwe makofi. Nilimwambia hata kwamba Bundi na Njura hawakuwa watoto wake. Hilo sikupaswa kulisema, na nikilikumbuka nataka kujificha. Alichukua koti lake, akaenda kwa mama yake hapo ng'ambo ya mto, akalala huko siku mbili. Hajawahi kufanya hivyo katika miaka kumi na tisa ya ndoa. Samahani kwa hili doa, ni chai.

Ukurasa wa pili.

Alirudi Jumatano jioni na mkungu wa ndizi kutoka kwa mama yake. Tuliomba msamaha, mimi kwanza, halafu yeye. Tulikaa vizuri kabisa karibu wiki mbili. Asubuhi aliyochukuliwa alikunywa uji, akalalamika kwamba hauna sukari, akaenda shule. Wanafunzi arobaini walikuwa wakimwona alipoingizwa kwenye gari.

Hiyo ndiyo aibu yangu yote. Sasa unayo.

Celina


Geneva,
15 Septemba 2025

Dada Celina,

Samahani kwa kuchelewa. Nimekuwa nikifuatilia.

Siwezi kuandika mengi. Nina sababu nzuri ya kuamini kwamba mambo yataisha vizuri. Usiniulize nimejuaje. Mwambie Ruguru asiandike chochote mitandaoni, na mwambie mama mkwe wako apunguze maombi anayomwombea Mutugi barabarani, nimeyaona mitandaoni. Kelele ndizo zitakazotuharibia. Nipe wiki chache.

Niamini, kama ulivyoniamini kule Mitunguu kwamba sitaangukia mfereji.

Mwenda


Kanja,
1 Oktoba 2025

Mwenda,

Kule Mitunguu uliangukia mfereji. Mimi ndiye niliyekuvuta.

Wiki chache zimeisha. Nimepata wakili pale Embu, anaitwa Winrose, mwanamke mfupi anayetembea haraka. Tumepeleka ombi kortini, serikali iamriwe kumleta Mutugi mbele ya jaji akiwa hai. Tutasikizwa tarehe kumi na nne. Najua umekataza. Sikuweza kukaa tena na zile karatasi mezani.

Niliwarudishia wanafunzi mitihani yao. Ilikuwa imebaki mmoja ambao Mutugi alisahihisha nusu. Mwenyewe amekataa mwalimu mwingine aumalizie.

Celina


Kanja,
15 Oktoba 2025

Mwenda,

Nitakueleza ya jana kortini polepole, na nakuomba uyasome polepole.

Wakili wa serikali alisimama. Alisema hakuna idara yoyote iliyomshika Mutugi, na kwamba, maneno yake ni haya, Winrose aliniandikia: "Mhusika aliondoka nyumbani kwa hiari yake kufuatia tofauti za kifamilia." Nilijiuliza hayo maneno nimeyasikia wapi. Halafu akasema, "Mheshimiwa Jaji, mke mwenyewe amekiri kwa maandishi." Akatoa karatasi.

Jaji akaitazama, akamwambia karani aniletee. "Mama, huu ni mwandiko wako?"

Ulikuwa mwandiko wangu, Mwenda. Na lile doa la chai lilikuwepo.

Nikasema ndiyo. Akauliza, "Uliandika kwamba mligombana, akatoka, akalala kwingine?" Nikasema, "Niliandika, lakini alirudi. Iko ukurasa wa pili." Akamuuliza wakili wa serikali ukurasa wa pili uko wapi. Akajibu kwamba walichopokea ni ukurasa mmoja.

Winrose alitoa nakala niliyobaki nayo, kurasa zote mbili. Wakili wa serikali akasema nakala ya nyumbani mtu anaweza kuiandika leo asubuhi. Jaji akasema kwamba bila mtu wa kueleza barua hii ilitumwa kwa nani, ikiwa na kurasa ngapi, na ilifikaje mikononi mwa serikali, hawezi kutoa amri. Ameahirisha mpaka tarehe mbili Desemba. Mama mkwe alikuwa ameketi karibu nami. Karatasi ilisomwa yote kwa sauti, akasikia mbele ya watu wote kile nilichosema kuhusu Bundi na Njura. Hajaniongelesha tangu jana.

Barua ile niliituma kwa mtu mmoja tu. Muchangi amenionyesha kwenye kompyuta yake, anwani ni moja.

Niambie ni wezi. Niambie wameingia kwenye kompyuta yako usiku. Nitaamini, Mwenda, nakuapia nitaamini.

Celina


Geneva,
18 Oktoba 2025

Dada,

Hakuna wezi.

Niliituma mwenyewe, tarehe mosi Septemba, kwa mwenzangu mmoja wa serikalini kule nyumbani tuliyesoma naye. Niliandika: "Huyu ni shemeji yangu, tafadhali nisaidie, habari kamili zimeambatishwa." Kwetu hakuna ombi linalokwenda bila kiambatisho. Mimi mwenyewe huwarudishia vijana wangu kazi wakisahau. Wala sikufikiria, niliiambatisha kama ninavyoambatisha kila siku. Nilituma kurasa zote mbili, hilo nakuapia.

Na kuna jingine nililokuficha. Tarehe tisa Septemba alinijibu kwa simu, na ujumbe bado ninao. "Shemeji yako yupo. Anakula. Mkinyamaza atatoka kabla ya Oktoba kuisha." Nilikaa chooni ofisini nikalia kwa furaha. Ndiyo maana nilikuandikia vile. Nilikuwa na uhakika. Nilifikiri nikikwambia utashindwa kunyamaza, na ukishindwa hatatoka.

Nimempigia mtu huyo mara kumi na moja tangu nipate barua yako. Hashiki.

Sijui nikuombe msamaha kwa lugha gani. Nimeandika radhi za nchi nzima katika maisha yangu, lakini ya kwangu mwenyewe inanishinda kuandika.

Mwenda


Kanja,
21 Oktoba 2025

Mwenda,

Radhi yako sina mahali pa kuiweka kwa sasa. Naomba vitu viwili, na Winrose anasema viandikwe katika hati moja ya kiapo.

Uape kwamba barua ilikuwa na kurasa mbili na ulimtumia nani. Uape kuhusu ujumbe ule wa tarehe tisa, pamoja na picha yake. Winrose alipousoma aliketi chini. Anasema huo ni ushahidi kwamba serikali inajua alipo, na akiupata atarudi kwa Jaji siku hiyo hiyo, hatangoja Desemba.

Nisikilize. Kama yupo na anakula, basi kila siku ni siku yake. Najua hati hii itakula kazi yako. Najua ulivyoitafuta. Mutugi pia anajua, ndiye aliyebandika picha.

Tuma wiki hii.

Celina


Geneva,
3 Novemba 2025

Dada Celina,

Nimeiandika hati. Iko mezani, bado sijaitia sahihi.

Nivumilie kwa siku tisa tu. Kamati inaketi tarehe kumi na mbili. Nikiapa leo, kesho nitaitwa nyumbani, na nitakuwa mtu asiye na mlango wa kubisha. Lakini nikiwa ndani siku hiyo, mjumbe mmoja wa kamati ameahidi kuuliza kuhusu waliotoweka Embu, na nitaweza kumwambia Balozi pembeni kwamba ni heri mtu huyu aonekane. Nimeona mambo yakitengenezwa hivyo, kwa neno moja kwenye korido. Nikimaliza tu nitatia sahihi, nakuapia kwa kaburi la Mama.

Siku tisa, dada.

Mwenda


Kanja,
18 Novemba 2025

Mwenda,

Tulikuona. Ruguru alifungua video ile kwenye simu yake, tukakusanyika sebuleni, mimi, yeye na mama mkwe, ambaye sasa ananiongelesha. Suti ilikukaa vizuri. Mjumbe yule aliuliza, kama ulivyosema. Balozi akakugeukia. Nawe ukafungua karatasi ukasoma kwamba baadhi ya waliotajwa waliondoka nyumbani kwa hiari yao kufuatia tofauti za kifamilia. Hukuinua macho. Ruguru alisema, "Mum, si huyo ni Uncle?" Nikamwambia ndiye. Akazima simu.

Mutugi ameonekana Jumapili. Ni wachunga mbuzi waliomwona, mtoni, upande wa Mbeere. Nilienda mochari jana na Winrose. Nilimtambua kwa kidole kile cha mguu alichojikata na jembe mwaka tuliooana. Sehemu nyingine sitakuandikia.

Daktari ametwambia jambo moja, na Winrose alimfanya aliandike na kulitia muhuri. Kwamba hakuwa amekufa zaidi ya siku kumi.

Nimehesabu kwenye kalenda ya jikoni. Nilipokuwa kortini nikionyeshwa doa langu la chai, alikuwa hai. Nilipokuomba hati, alikuwa hai. Uliponiandikia nikuvumilie siku tisa, Mwenda, alikuwa hai. Siku unasoma ile karatasi sijui. Hiyo ndiyo siku ambayo sijui.

Usinijibu.

Celina


Githongo,
4 Desemba 2025

Mwanangu Mwenda,

Hati yako ya kiapo imemfikia Winrose. Tumeona kwamba uliitia sahihi tarehe kumi na tisa Novemba, siku moja baada ya barua ya dada yako, na kwamba mwishoni umesema umeacha kazi. Tulimzika Mutugi Ijumaa iliyopita kule Kanja. Wanafunzi wake walibeba jeneza. Hati imeingizwa kortini, sasa si kwa ajili ya kumleta akiwa hai bali kwa ajili ya kujua nani alimuua.

Naandika kwa kalamu ya bluu. Ile nyekundu nimeitupa chooni.

Kuna jambo nimewaficha ninyi wawili miaka thelathini na minane. Mama yenu hakunyamaza. Niliposhikwa aliwapeleka Mitunguu kwa shangazi yenu ili msione, kisha akashuka Meru mjini akaketi kwenye ngazi za ofisi moja ya serikali. Alikaa siku tisa. Kila mkubwa aliyepita alimtajia jina langu kwa sauti. Walimmwagia maji, akakaa. Walimfukuza, akarudi. Watu wakaanza kusimama kumtazama, na hilo hawakulipenda.

Ndipo wakaniletea karatasi nitie sahihi, niachiliwe. Ilikuwa na sentensi moja. Kwamba mimi, Kailemia, niliondoka nyumbani kwa hiari yangu kufuatia tofauti za kifamilia. Nilitia sahihi, mwanangu. Mguu ulikuwa umevunjika na nilitaka kwenda nyumbani. Wakaniambia nikifungua mdomo watamchukua yeye. Kwa hiyo niliwaambia watoto wangu kwamba tulinyamaza, na Mungu akanirudisha. Mama yenu hakupenda, lakini aliniachia. Nilidhani nawakinga.

Celina aliponisomea barua yako ya Julai, nilimwomba aisome sentensi ile mara mbili. Uliniuliza kama ina kosa. Nilichukua makasi nikaenda kupogoa kahawa isiyohitaji kupogolewa, na huko nikajiambia kwamba ni maneno tu ya ofisi. Nilipaswa kukuandikia jioni ile ile. Kama ungejua sentensi hiyo ilitoka wapi, na kwamba kelele ndizo zilizoniokoa, usingemwambia dada yako anyamaze. Nalifikiria hilo kila siku. Kwa hiyo usiubebe mzigo huu kana kwamba ni wako peke yako, na usidhani pia kwamba nimekutua wako.

Jaji amepanga tarehe tatu Februari. Winrose anasema nami naweza kuapa kuhusu mwaka ule, na nimekubali. Nitatangulia mimi, kisha wewe.

Dada yako anasema uje. Amesema pia usifikie kwake Kanja. Utalala huku Githongo katika chumba chako, nimekiondolea magunia. Asubuhi hiyo tutashuka Embu mimi na wewe. Yeye atakuwa ameketi mbele na Ruguru na mama yake Mutugi. Sisi tutakaa nyuma, mpaka tuitwe.

Baba yako,
Kailemia